Himalaya Iliyoliwa na Panya wa Chilinde

Nilijenga Himalaya kwa unga wa nsima, na panya wakaila.

Naanza na hilo kwa sababu kila kijana anayekuja kwangu hapa kambini Dzaleka kuuliza habari za kazi ameshalisikia kwa majirani, na majirani zangu ni watu wa kuongeza chumvi. Wengine wanasema hata mbuzi alikuwamo. Mbuzi hakuwamo. Walikuwa panya, na kuku mmoja. Kwa hiyo kaeni, niwaeleze mwenyewe, maana mtu akichekwa afadhali achekwe kwa kosa lake kamili.

Mi nilikuwa fundi wa ramani za ukutani. Shule ikiwa na ukuta mtupu na vitabu vichache, inaniita, na mi naiwekea dunia pale: bahari, mabara, na zaidi ya yote milima, ambayo niliipenda kuliko vingine. Nimefanya kuta za hapa Dzaleka, nimefanya za mitaa ya Lilongwe: Area 23, Chinsapo, Chilinde. Siku hizi mkono unatetemeka. Mara ya mwisho nilipochora Alpi, watoto waliuliza kama ni mawimbi, nikaona basi, imetosha, nikaweka brashi chini.

Watu wakisikia nilikuwa mtu wa milima ya dunia wanadhani nilitembea sana. Mi? Mi ni mtu wa kiti. Nilizaliwa Bukavu, kule Kongo, mji ambao hata kwenda kununua chumvi unapanda, na mlima Kahuzi tuliuona kila asubuhi mvua ikiisha. Sikuwahi kuugusa hata mguu wake. Safari moja tu kubwa nimefanya maishani, ile iliyonileta Malawi, na hiyo hakuna aliyeniuliza kama nataka. Tangu nifike nimekaa. Mke wangu, Mama Riziki, huwaambia wageni kwamba akitaka kufagia chini ya mume wake lazima atoe taarifa mapema.

Kazi nilifundishwa mtaa wa Kadutu, kule kule Bukavu, na fundi Mushagalusa, mzee mfupi aliyechora kuta za shule na makanisa. Naye hakuwahi kupanda kitu zaidi ya ngazi yake. Lakini alikuwa na namna ya kufundisha ambayo ninyi wa simu, mnaopapasa kioo na Himalaya inageuka upande wowote mnaotaka, mngeipenda.

Siku ya kwanza nilimchorea milima kama watoto wote wanavyochora: pembetatu, pembetatu, pembetatu. Akaitazama kwa huruma.

"Hii ni nini? Meno ya mamba?"

"Ni safu ya milima, fundi."

"Sikia, kijana. Mulima mumoja ni muntu. Safu ni foleni. Bantu ba foleni banagusana mabega, banasukumana, mwengine murefu, mwengine mufupi, lakini bote banaenda njia moja. We umechora bantu bamenuniana."

Tangu siku hiyo, kabla ya kuchora safu yoyote, najiuliza foleni inaelekea wapi. Andes inashuka kutoka kaskazini mpaka kusini, imebana ukingo wa magharibi wa Amerika ya Kusini kama pindo la kanga. Hakuna safu ya nchi kavu iliyo ndefu kama hiyo. Rocky inashuka upande wa magharibi wa Amerika ya Kaskazini. Alpi imejikunja juu ya kichwa cha Italia kama ndizi. Urali imesimama wima, inatenga Ulaya na Asia. Atlasi iko kule juu kwetu Afrika, kati ya bahari na jangwa. Na Kilimanjaro? Kilimanjaro haiko kwenye foleni yoyote. Ni mtu mzima aliyesimama peke yake uwanjani. Ukimuunganisha na jirani ili ramani ipendeze, umedanganya watoto.

Halafu siku moja fundi alileta mkeka. Akautandika chini, ncha moja ikigusa ukuta.

"Ukuta njo Asia. Mukeka njo India. Sukuma."

Nikasukuma. Mkeka ukajikunja karibu na ukuta, mikunjo mikunjo.

"Himalaya njo vile ilitokea. Na usifikiri imemaliza. Mpaka leo India inasukuma tu, na Himalaya inapanda tu."

Nikauliza kuhusu Andes. Akachukua kipande cha katoni, akakiingiza chini ya ncha nyingine ya mkeka, ukainuka. "Chini ya bahari nako ni nchi. Ile nchi ya chini inaingia chini ya Amerika, Amerika inanyanyuka. Na kule ndani kunaungua, njo maana Andes iko na volkano mingi." Nimesoma sekondari, nimewahi kusoma hayo kitabuni kwa Kifaransa, na sikuyaelewa mpaka siku ya mkeka. Mama mwenye mkeka alituelewesha na yeye mambo yake, lakini hayo tuyaache.

Kingine cha fundi ambacho nawaachia: milima ina umri, na umri unaonekana. Iliyo mikali, yenye ncha, hiyo ni vijana: Himalaya, Alpi, Andes. Iliyojaa mviringo, mifupi, imetulia, hiyo ni wazee. Mvua na upepo vimewalamba mpaka wamekuwa wapole. Urali ni mzee. Ile Apalachia ya mashariki ya Amerika ni mzee. Mwenzangu mmoja wa kanisa aliniambia nafanana na Urali: kimo kidogo, umri mkubwa, na kazi yangu ni kukaa katikati ya watu wanaogombana. Nilikubali.

Haya, sasa Chilinde.

Binti yangu Riziki alimaliza shule ya msingi hapa, akapata alama nzuri, na hatukuwa na mahali pa kumpeleka. Viti vya sekondari vilikuwa vichache, watoto wengi. Alikuwa na miaka ile ambayo msichana akikaa nyumbani kidogo tu, majirani wanaanza kumtafutia kazi ya kufanya, na kazi ya kwanza wanayoifikiria ni mume. Dada ya mke wangu alikuwa anaishi Chilinde, akishona nguo. Akasikia shule moja ya binafsi karibu yake inataka ramani kubwa kwenye baraza, siyo ya kuchora tu: milima itoke ukutani, mtoto aipapase kwa mkono. Nikaenda kuzungumza na mwalimu mkuu, Mmalawi mmoja mwembamba mwenye sauti nzito. Tulielewana hivi: mi nijenge milima ya dunia, yeye atampa Riziki kiti darasani mpaka amalize. Lakini ramani iwe imesimama siku wazazi watakapokuja kufungua muhula. Isiposimama, kiti anapewa mwingine.

Nilirudi Dzaleka nimevimba kichwa. Riziki akaanza kulala na soksi nyeupe za shule chini ya mto.

Fundi Mushagalusa alikuwa amenionyesha namna ya kutengeneza milima ya kutokeza: karatasi zilizolowekwa, zikapondwa, zikachanganywa na uji wa unga wa muhogo. Hapa muhogo ulikuwa wa kutafuta, unga wa mahindi wa kupikia nsima, ugali wa hapa, uko kila duka, mweupe kama chokaa. Nikasema unga ni unga. Nikapika sufuria ya uji, nikaponda magazeti, nikapachika misumari ukutani ili bonge lishike, nikajenga. Wiki nzima nilijenga nikiimba. Himalaya ilitokeza ukutani ngumi nzima. Andes ilishuka vizuri mpaka nikaipiga picha kwa simu ya mtu. Nikaziacha zikauke mwisho wa juma, nikaenda nyumbani kukaa.

Jumatatu nilipofika, mwalimu mkuu alikuwa amesimama mbele ya ukuta, mikono nyuma. Hakuwa na hasira, na hilo lilinitisha zaidi. Akaniambia kwa Kichewa, polepole ili nielewe: "Bambo, Amerika ya Kusini imepoteza mgongo."

Ilikuwa kweli. Andes yote ilikuwa imeliwa, imebaki misumari imejipanga kutoka Kolombia mpaka chini. Rocky ilikuwa na mashimo. Alpi ilikuwa imeanguka sakafuni, na kuku wa mlinzi alikuwa anaimalizia. Ndani ya Himalaya, sijui niseme vipi, panya alikuwa amefanya nyumba. Alitoa kichwa karibu na Nepali, akatutazama, akarudi ndani.

Hapo ndipo nilipokumbuka sufuria ya fundi. Kila tulipojenga milima, fundi Mushagalusa alikuwa na sufuria nyingine jikoni, ya pilipili kali inayochemka na majivu. Miaka yote mi nilidhani ni mboga yake ya mchana. Mzee alipenda pilipili. Sikuwahi kuuliza, kwa sababu nilijiona nimeshajua kazi. Kumbe ile pilipili ilikuwa inaingia kwenye milima.

Vijana, mkishika moja tu katika maneno yangu yote, shikeni hili: ulizeni kila sufuria ni ya nini.

Mwalimu mkuu akasema wazazi wanakuja baada ya wiki mbili, na kuna mtu mwingine ameshauliza kile kiti. Nikaomba radhi, pepani, pepani sana. Nikang'oa mabaki, nikafagia bara la Asia, nikapanda minibasi.

Sikuweza kuingia nyumbani moja kwa moja. Nilikaa kwa jirani, Mama Gloriose. Huyo ni Mrundi, mjane, anauza nyanya, na wakati wa kiangazi watu humwita kusiriba kuta za nyumba zao za tope, kwa sababu kuta zake hazipasuki. Ana mdomo ambao hauna kifuniko. Nilimweleza yote. Alicheka mpaka akashika mlango.

"Yoo! Papa Riziki! Umepikia panya ba Chilinde nsima? Na mboga ulibapatia?"

"Mama Gloriose, mtoto anapoteza kiti."

Akaacha kucheka. Alimpenda Riziki. Akafuta macho na ncha ya kitenge.

"Sasa we unajengaka na chakula kwa nini? Nyumba yako ni ya chakula? Si ni ya udongo? Mulima ni nini kama si udongo?"

Nikageuka, nikatazama ukuta wake. Tangu nianze kazi, sijui kwa nini, sikuwahi kufikiri kujenga mlima kwa udongo.

Akanipeleka nyuma ya nyumba, akanionyesha. Andikeni hii, ni mali: udongo wa kichuguu, kwa sababu mchwa wameshausaga na kuufanya unate. Mchanga kidogo ili usipasuke. Mavi ya ng'ombe mabichi, na nyasi zilizokatwa fupi. Kanyaga kwa miguu mpaka ukichukua bonge na kulitupa ukutani lishike, lisiteleze. Ukuta uukwaruze kwanza na uumwagie maji, maana ukuta mkavu unanyonya maji ya udongo na mlima unabanduka. Usipake nene siku moja. Paka kwanza nyembamba, acha ishike, ongeza. Funika kwa gunia lililoloa ili ikauke taratibu. Harufu inaondoka ikikauka. Ikinyesha inarudi kidogo, lakini hiyo ni kazi ya pua, siyo ya ukuta.

"Nitaenda na we Chilinde," akasema, "lakini milima ya kwetu iwe pale."

Nikamweleza kwa upole kwamba kwa ukubwa wa ule ukuta, Burundi nzima inafunikwa na punje ya haragwe. Nikamwonyesha kwa ukucha wa kidole kidogo.

"Hapo? Bantu bote bale, hapo?" Akanitazama kama mimi ndiye niliyewapunguza. "Kwetu mulima mumoja unakumaliza muchana muzima. Hakuna milima yangu, hakuna udongo wangu."

Basi tukaenda naye Chilinde. Kwa siku nyingi mwalimu mkuu aliwaona wakimbizi wawili, mmoja akikanyaga mavi ya ng'ombe katika uwanja wa shule yake, mwingine akimwelekeza foleni inapopita. Riziki alikuja mara moja, akatusaidia kuchota maji. Aliweka mkono wake juu ya Rocky ikiwa bado mbichi, akautoa haraka. Alama ya vidole iko pale mpaka leo, karibu na Kanada.

Afrika tuliiacha mwisho. Nikamwambia Mama Gloriose safu ya kwao ina maana kubwa kuliko ukubwa wake. Inapita Rwanda na Burundi, na mgongo wake unagawa maji. Tone la mvua likianguka upande wa magharibi linakwenda Kongo, linaishia bahari ya Atlantiki. Likianguka upande wa mashariki, hatua chache tu toka pale, linakwenda Nile, linafika Misri.

Alisimama na bonge mkononi.

"Nyumba ya mama yangu ilikuwa juu kabisa, pale pale. Mulango wa mbele huku kwa Kongo, wa nyuma huku kwa Nile. Maji ya kuosha masahani alikuwa anamwaga nyuma." Akafikiri. "Kumbe miaka yote ile mama alikuwa anapeleka Misri maji ya masahani!"

Akabana safu yake kwa vidole. Ilitoka nene kama haragwe na nusu. Nikamwambia, Mama, kwa kipimo hicho Himalaya yetu ni fupi mno.

"Basi ongeza Himalaya."

Ndiyo maana ukienda kwenye ule ukuta, Himalaya imetokeza kama kiwiko cha mtu anayepita kwenye watu wengi. Msishangae. Siri ya kazi hii ni kwamba urefu wa milima kwenye ramani ya mkono ni uongo siku zote. Ukitaka ukweli, dunia nzima ikienea ukutani, Himalaya haifiki hata unene wa sarafu, na hakuna mtoto atakayeisikia kwa kidole. Kwa hiyo unakuza. Kitu cha kuangalia ni kwamba ukimkuzia mmoja, uwakuzie wote kwa kipimo kile kile. Hapo uongo unakuwa wa haki.

Siku ilipokaribia, mwalimu mkuu alikuja kukagua. Riziki alikuwa amesimama mlangoni na mama yake mdogo wa Chilinde, amevaa zile soksi. Mwalimu akaweka kidole gumba juu ya Himalaya, akabonyeza. Akabonyeza kwa nguvu zote, mpaka mishipa ya shingo ikamtoka. Himalaya haikusogea. Akapapasa Andes yote, kutoka juu mpaka chini. Akanusa kidole chake, akaamua kutouliza. Halafu akafika Afrika.

"Hapa Burundi pametokea nini?"

"Mwenye udongo anatoka huko, bwana," nikasema.

Akaipapasa na hiyo. Mi nikahesabu kiti kimekwenda. Akasema, "Na Mulanje yetu iko wapi?"

Mulanje si safu. Ni pande moja kubwa la jiwe lililoinuka kusini mwa Malawi, peke yake kama Kilimanjaro, na kwenye ramani ya dunia haipaswi kuonekana. Ningeweza kumweleza hayo yote. Lakini kiti cha binti yangu kilikuwa bado mfukoni mwake. Mama Gloriose alikuwa ameshachota bonge kwenye ndoo, akampa mkononi. Yule bwana mwenye tai akakunja mikono ya shati, akaibandika Mulanje mwenyewe, kwa vidole vyake, na akairekebisha mara kadhaa kwa sababu haikuwa kama anavyoikumbuka.

Aliponawa mikono akamwambia Riziki, "Jumatatu usichelewe."

Tangu siku ile sijamaliza ukuta wowote bila kubakiza udongo kwenye ndoo. Mwalimu atakuja, au mlinzi, au mama anayepika uji, na atasema yetu iko wapi. Kila ukuta una mtu mwenye mlima wake. Wengine watawaambia msikubali, ramani ni sayansi. Mi nawaambia bakizeni bonge.

Sasa, siku ile Riziki alipopewa kiti, furaha ilinipanda nikatoa ahadi ya kijinga. Nilimwambia, "Ukimaliza hii shule, mi na we tunapanda mlima wa kweli." Niliona kumaliza kuko mbali sana. Watoto hawasahau kitu ambacho ungependa wasahau. Alimaliza. Leo anafundisha watoto hapa hapa Dzaleka, na mwaka huu alinijia na viatu vya raba mkononi, namba yangu kabisa.

"Papa, Mlima Nkhoma. Jumamosi."

Nilitaja magoti. Nilitaja jua. Nilitaja minibasi za Lilongwe na kwamba baada ya barabara kuu lazima tuchukue kabaza, na mi na pikipiki hatuelewani. Mke wangu akasema yeye atabaki kufagia pale ninapokaa, ni nafasi ambayo hajawahi kuipata. Mama Gloriose, ambaye sasa ana nywele nyeupe kunishinda, akasema anakuja, kwa sababu hili hataki kusimuliwa.

Kwa hiyo nilipanda. Mlima wa kweli, vijana, unatofautiana na wa ukutani katika jambo moja: uko juu. Tulipofika kama nusu nikaona jiwe zuri, lina mgongo wa kuegemea, likanikumbusha nyumbani. Nikakaa. Pumzi ilipoanza kurudi nikaona Riziki ananitazama na macho yake yanacheka, basi nikaona heri nimfundishe kitu. Nikamweleza kwamba huu Nkhoma si wa foleni, ni mwamba wa kale, mgumu. Udongo laini uliouzunguka ulichukuliwa na mvua miaka na miaka, mwamba ukabaki peke yake umesimama. Nikaonyesha kwa mkono upande wa Lilongwe, nikaonyesha upande wa Dedza. Riziki alisikiliza vizuri sana, kama alivyosikiliza kila kitu maishani mwake. Nikaingia India. Nikaingia mkeka. Sikuona kwamba kutoka juu walikuwa wanashuka akina mama wa pale na mizigo ya kuni kichwani, na njia ni nyembamba, na jiwe langu liko katikati yake. Walisimama foleni, wakisukumana mabega, wakinisubiri nimalize Asia.

Mama Gloriose alikuwa mbele yetu. Akageuka, akaniangalia, akawaangalia wale mama, akaniangalia tena.

"Papa Riziki," akasema, "milima ya dunia yote uliijenga umekaa, hatukusema kitu. Huu ni wa kupanda. Inuka, unazibia bantu njia."